Wimbo wa Mkunga wa Panjshir

Ustadh Wadud alikuwa na miaka sitini na mmoja, na kazi yake ilikuwa kutungia filamu muziki. Alikuwa ametungia filamu thelathini na nne. Ukimwomba akuonyeshe, angekuonyesha tisa. Nyingine zote ziliteketea siku roketi ilipoangukia jengo zilimohifadhiwa, na yeye wakati huo yuko Peshawar, mkimbizi, akipiga rababu kwenye harusi za watu wasiosikiliza. Habari ilimkuta anavaa viatu. Alimaliza kufunga kamba, akaenda harusini akapiga, akarudi nyumbani akala, na kwa wiki mbili nzima hakumwambia mkewe.

Sasa ulikuwa mwaka wa kumi tangu arudi Kabul. Alikaa mtaa wa Karte Parwan katika nyumba ya vyumba vitatu, kimoja amekigeuza studio: mablanketi ukutani, magodoro chini, kompyuta juu ya meza ya cherehani. Kazi zilikuja. Wageni waliovaa vizibao vya mifuko mingi walimletea filamu zao za mambo ya kweli, filamu za wajane na za mabomu ya kutegwa ardhini, na wote walitaka kitu kilekile.

"Ustadh, tia huzuni kidogo."

"Kidogo kiasi gani?" angewauliza. "Kijiko au bakuli?"

Wangecheka, wakidhani anatania. Kisha angewapa rababu inayolia, nao wangeondoka wameridhika, na yeye angekaa pale akitazama nyuzi kama mtu aliyemtuma mtoto wake kuomba barabarani.

Torpekai hakuwa kama hao. Alikuwa binti wa mjini palepale, miaka ishirini na tisa, mwembamba, mwenye haraka, na hii ilikuwa filamu yake ndefu ya kwanza. Alifika asubuhi moja mwanzoni mwa kiangazi, kompyuta kwapani, akavua viatu huku tayari anaongea.

"Ustadh, sitaki mtu alie. Hilo nakwambia mwanzo kabisa."

"Alhamdulillahi," alisema Wadud. "Kaa. Mahjabin! Chai! Leo amekuja mtu mwenye akili."

"Na mimi nilikuwa sijui kama wapo," mkewe alijibu kutoka jikoni.

Filamu ilimhusu mkunga wa bonde la Panjshir, ajuza aitwaye Bibi Zewar, aliyepokea watoto wa vijiji vile kwa karibu miaka arobaini, wakati wa amani na wakati wa mabomu. Torpekai alikuwa amekaa naye majira mawili ya baridi. Alifungua kompyuta. Ajuza anapanda mlima na fimbo. Ajuza anamkaripia mwanamume aliyeganda mlangoni kama gogo: "Wewe kazi yako ulishaimaliza miezi tisa iliyopita, sasa kachemshe maji!" Mahjabin, aliyekuja na chai na asiondoke tena, alicheka mpaka birika likatikisika.

Kisha ikaja picha ya chumba chenye giza, moto, kitambaa cheupe. Mtoto analia. Ajuza anamfunga, anamweka kifuani, na kabla ya kumpa mama yake anaanza kumwimbia kwa sauti ya chini.

Wadud alikuwa ameshika kikombe. Alikirudisha chini bila kunywa.

Wimbo ulipanda ngazi tatu, ukasita, ukageuka. Hakuna mtu mwingine duniani ambaye angeusitisha pale. Aliutambua kama mzazi anavyotambua kwa mbali mwendo wa mtoto wake katikati ya umati.

"Rudisha," alisema.

Torpekai alirudisha. Akarudisha tena, na tena.

"Kafundishwa na nani?"

"Anasema na bibi yake, naye bibi yake na bibi yake. Ni wa kale sana. Ndiyo sababu nimekuja, Ustadh. Nataka uuchukue wimbo huu wa wahenga, uusambaze kwenye filamu nzima. Au vipi? Haukufai?"

"Unanifaa," alisema Wadud. "Lakini nipeleke kwake kwanza."

Torpekai alipoondoka, Mahjabin alikusanya vikombe, akaviacha vyote kwenye sinia, akaketi mbele yake.

"Sema."

"Niseme nini?"

"Hukusema chochote, ndiyo tabu yenyewe. Uso umekuwa wa njano kama manjano ya pilau."

Badala ya kujibu alichukua rababu akaupiga ule wimbo. Mahjabin alisikiliza, kichwa ameinamisha.

"Ndio ule wa ajuza."

"Ni wa filamu yangu ya kwanza. Ile ya binti wa mwenye kinu cha maji. Nilikuwa na miaka ishirini na mitatu."

Mahjabin aliiona filamu ile wakati wa uchumba wao, yeye na binti za ami yake, wakila mbegu za maboga gizani. Alikumbuka kinu, alikumbuka binti akivuka maji. Muziki hakuukumbuka, na ilimwuma kusema hivyo.

"Nyimbo hufanana, Wadud jan, mpenzi wangu. Una hakika?"

"Nakala zilikuwa mbili. Moja iliungua. Nyingine ilipakiwa kwenye gari la sinema lililozunguka mikoani, halafu nchi ikachafuka na gari halikurudi." Alifuta nyuzi kwa kiganja. "Miaka yote hii nilidhani mimi ni mtunzi ambaye hakuna aliye hai anayekumbuka alichotunga."

Mahjabin hakusema pole. Alisema, "Basi na mimi nakwenda Panjshir."

Waliondoka siku ya Alhamisi, mapema, kaka yake Torpekai akiendesha gari. Baada ya Gulbahar barabara iliingia kwenye mlango wa bonde, mto ukaanza kupiga kelele upande wa kulia. Gari lilipata joto kupita kiasi kabla ya kufika Rukha, ikabidi lisimamishwe lipoe. Kaka mtu alifunua boneti akabaki analitukana. Torpekai alikwenda kuchota maji. Wadud na mkewe walishuka wakaketi juu ya jiwe chini ya miforsadi, na forsadi zilizoiva zikawa zinawadondokea mapajani.

"Kuna jambo sikuwahi kukwambia kuhusu wimbo ule," alisema Wadud.

"Mambo uliyoniambia ni machache, itakuwa rahisi kuliongeza hilo."

"Mwenye filamu alitaka muziki wa binti anayevuka maji. Siku tatu sikupata kitu. Siku ya tatu nikaenda kwa shangazi yangu, na pale kulikuwa na msichana jirani aliyeletwa kusaidia. Alikuja na sinia la chai, akafika kizingitini, akakuta chumba kimejaa wanaume wageni. Akasimama. Hajui aingie au arudi. Nadhani alisimama pumzi moja tu. Halafu akainua kidevu akaingia." Alitazama mto. "Pale wimbo unaposita, ni pale."

Mahjabin alikuwa akila forsadi. Aliacha kula. Vidole vyake vilikuwa vyeusi kwa maji ya matunda.

"Yule msichana alikuwa mimi."

"Alikuwa wewe."

"Miaka thelathini na minane!" alisema. "Miaka thelathini na minane unakula chakula changu, na hukuniambia nina wimbo?"

"Niliona haya. Kisha tukaoana, nikaona nimechelewa. Kisha ukaungua, nikaona hakuna maana kukupa kitu kilichoungua."

Alimpiga begani, si kwa utani kabisa. Kisha akachukua mkono wake akauweka mapajani mwake kati ya forsadi, akaushika hivyo mpaka kaka yake Torpekai alipopiga honi. Mkono wa Wadud ulibaki na madoa ya zambarau siku mbili.

Nyumba ya Bibi Zewar ilikuwa juu ya kijiji, mawe na udongo, na uani amejengewa kibaraza cha kuanikia matunda. Alikuwa anaelekea miaka sabini, mfupi, mgongo umepinda, macho makali. Aliwapokea akiwa ameketi.

"Karibuni, sisimami, magoti yamegoma. Torpekai, umekonda, huli? Na huyu ndiye fundi wa muziki? Nilidhani utaniletea kijana."

"Nilikuwa kijana, mama," alisema Wadud. "Umechelewa kidogo kuniita."

"Ulimi unao. Keti."

Waliletewa chai, mtindi, mkate, na unga wa forsadi zilizokaushwa, ule mtamu unaokwama kooni. Baada ya chakula Torpekai alimwomba Bibi auimbe wimbo, Ustadh aufuatishe kwa rababu. Ajuza aliimba akiwa amefumba macho. Zamu hii, mchana kweupe na bila moto kuvuma, maneno yalisikika vizuri:

*Umefika, mgeni, umefika,*
*mlango ulikuwa mdogo, nyumba ni kubwa.*

Wadud alimfuata. Alifika mwisho, vidole vikafanya vilivyozoea kufanya, wimbo ukapanda ukaishia juu, kama alivyouacha zamani kwenye filamu, binti akitazama nyuma kutoka ng'ambo ya maji.

"Hapo umekosea," alisema Bibi Zewar.

"Wapi?"

"Mwishoni. Unashuka. Wewe umepanda. Utamwamsha mtoto."

Torpekai alitabasamu. Mahjabin aliuma mtandio. Wadud alipiga tena, akashuka kama alivyoelekezwa, na alipofika chini alihisi wimbo umekaa, umepata mahali pa kulala. Aliurudia peke yake polepole. Alikuwa amehangaika na mwisho ule akiwa kijana na hakuupata. Alikuwa ameuacha juu kwa sababu hakujua jinsi ya kushuka.

"Ni mzuri zaidi hivi," alisema. Na hapo, bila kupanga, sauti ikamtoka: "Mama, wimbo huu niliutunga mimi."

Torpekai aligeuka kwa ghafla. Bibi Zewar alimkazia macho, kisha akaangua kicheko kilichofichua ufizi.

"Wewe! Hata kuupiga hujui!"

"Niliutunga kwa ajili ya sinema."

"Mwaka jana alikuja mwingine kutoka Kabul, akasema mlima ule ni wa babu yake. Huko kwenu mnagawana nini, mmefikia na nyimbo?"

"Wallahi anasema kweli, mama," alisema Mahjabin. "Mimi ni mkewe."

"Mke utasemaje kingine?"

Lakini alikuwa ameacha kucheka. Alisogeza kikombe chake pembeni, akamtazama Wadud kwa namna nyingine, kama alivyozoea kutazama tumbo la mwanamke na kukadiria siku.

"Haya, fundi. Kama ni wako, niambie maneno yake ya kwanza yalikuwaje. Si haya ninayoimba. Yale ya mwanzo kabisa."

Wadud alitikisa kichwa. "Hayakuwepo, mama. Wimbo haukuwa na maneno. Ulikuwa rababu na filimbi tu."

Kuku alipita. Bibi Zewar alivuta pembe ya shela yake akajifuta mdomo, akakaa nayo pale mdomoni.

"Torpekai," alisema hatimaye, "zima hicho chombo chako."

Torpekai alizima kamera.

"Gari la sinema lilikuja Rukha mwaka nilipokuwa na mimba yangu ya kwanza. Walitundika shuka kwenye ukuta wa shule. Walionyesha jioni mbili, na zote mbili nilikwenda. Baridi ilipoingia mtoto wangu alizaliwa, akaishi siku kumi na moja. Nilimwimbia nyimbo zote nilizozijua. Kabla theluji haijayeyuka jirani yangu akashikwa na uchungu, njia imefungwa, hakuna mtu, nikaenda mimi. Mtoto akatoka mzima. Nimemshika hivi, nataka kumwimbia, na kila wimbo niliokuwa nao nilishampa wangu aliyekufa. Ningempaje mtoto wa mwenzangu wimbo uliotoka kaburini? Nikatafuta kichwani wimbo ambao si wa mtu. Nikaukuta ule wa sinema. Haukuwa na maneno, nikautilia."

"Na bibi yako?" aliuliza Torpekai kwa sauti ndogo. "Na bibi yake na bibi yake?"

"Ulitaka niwaambie wazee wa hapa kwamba namwimbia mjukuu wao sikioni wimbo wa sinema? Wasingenifungulia mlango tena. Nikasema ni wa bibi yangu. Nimesema miaka mingi mpaka na mimi nikaamini." Alimgeukia Wadud. "Ulikaa nao siku ngapi mpaka ukaumaliza?"

"Siku tatu."

"Basi wewe umeuzaa, mimi nimeulea. Kila siku mimi ni mkunga. Mara hii moja nimekuwa mlezi."

Wadud alisogea karibu. Alishika mkono wa ajuza kwa mikono yake miwili, akauinua mpaka kwenye paji la uso wake, na Bibi Zewar akamwacha, akimpigapiga kichwani kwa mkono wa pili kama mtoto aliyeanguka.

"Basi, basi. Kunywa chai. Imepoa."

Walikaa siku nne. Wadud alitaka sauti za wanawake wengi, wale wale waliopokewa na Bibi Zewar walipozaliwa na baadaye wakazalishwa naye wakiwa akina mama. Walikubali kuimba, ila chumbani kwao, mwanamume asikanyage. Kwa hiyo alimfundisha Mahjabin kushika kipaza sauti na kubonyeza kitufe. Alijiweka nje ya ukuta, jasho likimtoka, akisikiliza vicheko vya ndani. Baada ya saa nzima Mahjabin alitoka na uso wa mtu aliyeshinda vita.

"Umerekodi?"

"Wameimba vizuri mno, Wadud jan, ungelia."

"Umebonyeza kitufe?"

Mahjabin alitazama chombo. Kisha akageuka, akarudi ndani, na vicheko vikalipuka upya. Mara ya pili walikuwa wameshachoka kuona haya, na sauti zao zikawa bora kuliko za kwanza, au ndivyo Mahjabin alivyoshikilia maisha yake yote.

Kuhusu nani aandikwe kwenye filamu, Torpekai alikuwa na mawazo yake. Alitaka kuisimulia habari yote: gari la sinema, mikanda iliyoungua, kila kitu. "Ustadh, watu wataisikia Ulaya nzima."

"Kumbuka alichokuambia Bibi," alisema Wadud. "Alisema zima chombo."

Torpekai alinuna kutwa. Kesho yake alikwenda mwenyewe kumwuliza Bibi Zewar, naye akajibu kwamba wazee waliokuwa wa kuogopwa wameshakufa wote, na kwamba wimbo uandikwe kwa majina mawili, lakini habari ya mtoto wake wa siku kumi na moja ibaki uani pale. Ikawa hivyo.

Wadud alifanya kazi miezi mitatu. Hakutia hata kijiko cha huzuni. Aliwaacha wanawake mbele, rababu nyuma yao, chini, kama mtu anayesindikiza wageni bila kuingia kwenye mazungumzo yao.

Filamu ilionyeshwa Panjshir kabla ya kuonyeshwa mahali pengine popote. Ilikuwa mwanzo wa mapukutiko. Walitumia darasa kubwa la shule ya wasichana, mchana, madirisha yamezibwa kwa mablanketi, wanawake upande huu na wanaume upande ule. Bibi Zewar aliwekwa mbele kwenye kiti chenye mto, na hakunyamaza.

"Nimezeeka hivyo? Nani aliniambia nivae shela ile? Ona, ona, huyo ndiye niliyemfukuza! Upo hapa? Simama watu wakuone!"

Na yule mwanamume akasimama kweli, amejawa na haya, watu wakampigia makofi.

Ilipofika picha ya kitambaa cheupe, sauti ya Bibi Zewar ikaanza kutoka kwenye spika, na ya ukumbini ikaifuata. Kwanza wanawake, waziwazi, kwa maneno. Kisha upande wa wanaume kukaanza kitu kama mvumo. Wadud aligeuza kichwa kidogo. Jirani yake lilikuwa jibaba la miaka thelathini na tano, ndevu mpaka kifuani, kovu shavuni, na alikuwa akivumisha wimbo bila kufungua mdomo, na pengine bila kujijua. Aliupandisha ngazi tatu, akausitisha, akaugeuza, akashuka.

"Wa kwetu huu," alimnong'oneza Wadud, akiona anatazamwa. "Nyie wa Kabul hamna kama huu."

"Hatuna," alisema Wadud.

Alitafuta kichwa cha Mahjabin upande wa pili. Mtandio wake wa kijani ulikuwa katikati ya wanawake, umeinama, na mabega yake yalikuwa yakitikisika. Kwa mara ya kwanza katika kazi yake ya miaka mingi Wadud hakusikiliza kama fundi, hakutafuta pale filimbi ilipoingia mapema au sauti iliyozidi. Alikaa tu katikati ya watu, akavumisha nao.

Waliporudi Kabul Mahjabin alingoja mpaka walipoanza kuona vumbi la mji.

"Wimbo ule nimewaachia watoto wa bonde," alisema. "Si wangu tena. Nitungie mwingine."

"Wa filamu gani?"

"Wa filamu gani! Wangu. Usiwe wa filamu yoyote."

Alianza wiki ileile, akagundua kwamba hajui. Maisha yake yote kulikuwa na picha ya kufuata, mlango unafunguka, farasi anapita, muziki uishe hapa. Sasa hapakuwa na picha. Wa kwanza alimpigia baada ya mwezi. Mahjabin alikuwa akichambua mchele.

"Huo una farasi ndani yake," alisema bila kuinua uso. "Nimemsikia."

Wa pili aliukataa kwa sababu ulimtaka alie. Theluji ilianguka, ikaganda, ikawa tope. Siku moja asubuhi Torpekai alipiga simu, ana filamu mpya, ya watengenezaji wa tiara za karatasi zinazorushwa angani, anataka muziki kabla ya mwaka mpya wa machipuko.

"Sina nafasi, mwanangu," alisema Wadud, rababu magotini.

"Kwani una kazi ya nani, Ustadh?"

"Nina mteja mmoja mgumu sana," alisema, akishusha sauti kwa sababu mteja mwenyewe alikuwa anapita ukumbini na ndoo. "Nadhani wa safari hii ataukubali. Nipigie Jumatatu."